Nafasi Ubavuni mwa Baba

Mama alitaka kitu kimoja tu, azikwe ubavuni mwa baba. Hakutaka jeneza la fahari wala kwaya. Baba amelala katika makaburi ya parokia, nyuma ya kanisa, na siku tulipomjengea kaburi, mama alimsimamia mwashi mwenyewe, akamwambia ukingo auzungushe wa watu wawili. "Huku ni kwangu," alisema, akagusa udongo mtupu kwa kiganja. Wote tulisikia, na hapakuwa na la kubishania.

Lakini mama alizaa watoto watatu, na wawili kati yao wana dini kuliko Mungu mwenyewe.

Kaka, mkubwa wetu, ni katekista. Anafundisha watoto, anaongoza jumuiya, na padri akiwa safarini yeye ndiye kanisa. Dada, wa katikati, aliokoka, akaolewa na mchungaji wa kanisa la Kiprotestanti lililoanzia kwenye turubai, likahamia kwenye ghala la saruji, na sasa lina spika za kutikisa vioo vya mtaa mzima. Zamani mtaa wetu ulikuwa na kengele moja. Siku hizi Jumapili ni mnada, kila mwenye kipaza sauti ananadi wokovu wake, na kwenye mabenchi ya parokia mtu anaweza kujinyoosha akalala. Jambo hilo lilimuuma kaka kama jino bovu. Dada lilimfurahisha, na wala hakuficha.

Mimi ni kitinda mimba, fundi makochi. Sisali popote, na majirani wameshachoka kuniombea. Karakana iko mbele, vyumba viko nyuma, na mama alikuwa kwangu tangu miguu ilipomgomea. Akiwa kitandani alinisikia nikigonga misumari. Nikinyamaza kidogo anaita, "We kitinda, umelala au umefilisika?"

Dada alikuwa haingii ndani. Kwenye ukuta wa chumba cha mama palikuwa na picha ya Bikira Maria, na dada alisema hawezi kukaa chumba kimoja na sanamu. Nikamwambia hiyo ni picha. Akasema shetani hajali fremu. Basi akija anasimama karakanani, katikati ya magodoro na mbao, anamsalimia mama kwa sauti kubwa kana kwamba yuko ng'ambo ya mto, na mama naye anaitikia kwa kupaza koo. Mtu na mama yake, ukuta mmoja katikati. Niliona aibu kwa niaba yao.

Siku moja mama akaniambia niitoe picha. Nikaitoa. Haikupita wiki, dada akaja na gari, akampeleka kanisani kwao, na shemeji yangu mchungaji akambatiza upya kwa maji mengi, utosi hadi unyayo, mwanamke aliyebatizwa tangu akiwa mchanga. Alirudi nywele mbichi, anatetemeka ndani ya blanketi. Nilifoka. Nikamuuliza kama ndiyo anabadili dini uzeeni.

"Dini gani tena, baba," alisema. "Nimekubali maji ili nimpate mtoto."

Na kweli akampata. Kuanzia hapo dada alikuwa anaketi kando ya kitanda, anamsuka, anamlisha, wanacheka mambo ya zamani mpaka nasimamisha nyundo nisikilize. Rozari ilikaa chini ya mto. Mkono wa mama ulishinda hukohuko, na dada akajifanya haoni. Nilidhani mambo yamepoa.

Kaka alipopata habari za maji hakuja kwa mama. Alikwenda kwenye halmashauri ya parokia. Akasimama mbele ya wazee, akamtaja mama yake mzazi kama kondoo aliyeibwa, akadai sheria ipitishwe: Mkatoliki yeyote atakayekubali kubatizwa upya asizikwe katika ardhi ya parokia, isipokuwa amerudi mbele ya padri, au, ikiwa ugonjwa umemzuia, ametamka toba kabla ya kufa na kiongozi wa jumuiya yake ameshuhudia. Alitaka kuwatisha wanaohama. Nasikia padri alisita, lakini wazee walipiga makofi, ikapita.

Alikuja kunieleza mwenyewe, kajimwaga juu ya kochi la mteja ambalo hata nailoni sijalivua.

"Ulimfikiria mama wakati unasema hayo?" nikamuuliza.

"Nililifikiria Kanisa."

"Mama ni mgonjwa, kaka. Anaweza kwenda wakati wowote."

"Mama atarudi. Na akirudi, mtaa mzima utaona."

Tangu utotoni tunaambiwa wapiganapo mafahali wawili ziumiazo ni nyasi. Hakuna aliyenifundisha la kusema nyasi zenyewe zikiwa ndizo zilizowazaa mafahali.

Mimi ndiye niliyemwambia mama habari ya sheria, maana hakuna mwingine aliyekuwa na uso wa kumwambia. Hakukasirika. Alinituma niwaite wote wawili, wakaja, mmoja huku na mwingine kule, kitanda katikati. Mimi nilisimama mlangoni na gundi mikononi. Mama akaingiza mkono chini ya mto, akaitoa rozari mbele ya macho ya dada, akamwambia kaka:

"Niitie padri. Nataka kurudi. Nataka nilale na baba yenu."

Dada alikuwa ameshika kikombe cha maziwa. Alikiweka chini polepole, akajifunga vizuri mtandio. Mama akamshika mkono. "Wewe usinune, mama. Nimekupenda kwa maji yako na nakupenda bila hayo."

Mtu mwenye akili angetimua mbio kumleta padri. Kaka alitabasamu. "Jumapili, mama. Tutakubeba kwa kiti mpaka mbele ya altare, utamke watu wote wakisikia."

"Jumapili ni mbali, baba."

"Si mbali."

Nilimfuata nje. Nyumba ya padri iko hatua chache tu kutoka kwangu, nikamwambia, mwite sasa hivi. Akanijibu kwamba toba ya chumbani haijengi Kanisa. Akanipigapiga begani, akaenda zake. Nikaona isiwe taabu, nikaenda mwenyewe. Mpishi wa padri akanisimamisha getini. Wito wa wagonjwa hupitia kwa katekista, alisema, ndiyo utaratibu. Nikamuuliza na katekista akikataa? Akacheka, akadhani natania.

Ijumaa mchana mama alifariki, mimi navuta kitambaa kwenye mkono wa kiti. Kimya ndicho kilichonishtua. Nyundo ilikuwa imenyamaza muda na hakuna aliyeniuliza kama nimefilisika. Nilipoingia rozari ilikuwa imezungushwa kwenye vidole vyake, na vidole vimeshaanza kukaza.

Padri alikuja asubuhi ya pili yake. Ni kijana, si mtu mbaya, na jasho lilionyesha kwamba shughuli hiyo inamkera. Watu walikuwa wamejaa karakanani, wengine wamekalia fremu zisizo na godoro. Kaka upande mmoja na watu wa jumuiya, dada upande mwingine na mumewe na waumini wao.

"Sheria mnaijua," padri alisema. "Lakini tuliacha mlango. Nahitaji neno moja tu, na leo hii namzika pale alipotaka. Katekista, mama alitamka kurudi?"

Ndiyo moja tu. Ila nyuma ya ndiyo ile palikuwa na swali la pili, na kaka aliliona kama nilivyoliona mimi: mbona hukuniita? Ingembidi alijibu mbele ya jumuiya yake yote. Aliangalia viatu vyake.

"Mimi sikumsikia akitamka, Padri."

Sikuamini. "Alitamka," nikasema. "Nilikuwepo. Alikuambia wewe, ana kwa ana."

Padri alinitazama kwa huruma. "Ndugu yangu, wewe hata kanisani sikujui. Nikupokee peke yako, kesho kila mtu ataleta shahidi wa mtaani. Lakini mkiwa wawili nitapokea, na lawama nitabeba mimi. Nani mwingine alikuwepo?"

Macho yote yakamgeukia dada. Mumewe alikuwa amesimama begani pake. Waumini waliopiga vigelegele mama alipotoka majini walikuwa wameziba mlango. Dada alinitazama, na nitakufa nalikumbuka jicho lile, maana lilikuwa linajua kila kitu.

"Mama yangu alikufa katika wokovu," alisema.

Watu wake wakaitikia amina. Padri akaniambia pole, akaondoka.

Msidhani basi upande wa pili walimpokea. Mkuki kwa nguruwe mtamu. Shemeji aliingia chumbani, akaona mkono wa marehemu, akatoka uso umemshuka. Alisema yuko tayari kuongoza ibada, ila kwanza hicho kitu kitolewe vidoleni, maana hawezi kumwombea mtu aliyeshika sanamu. Nikamwambia mkono wa mama yangu atakayeufungua kwa nguvu atauacha wake humu ndani. Sijutii. Akakusanya watu wake. Mama aliyegombaniwa na makanisa mawili akiwa hai, alipokufa hakuna lililomtaka.

Kesho yake tulimzika makaburi ya manispaa, nje ya mji, wanakozikwa wasio na wenyewe. Jirani yake wa kulia simjui, wa kushoto ni kibao cha bati kisicho na jina. Kaka alikuja bila padri. Dada alikuja bila mume. Walilia kuliko watu wote, na kila mmoja alikuwa anamtazama mwenzake kama aliyemuua.

Jeneza lilipofika chini watu wakabaki wameduwaa, kila mmoja anamngoja mwingine. Bibi mmoja jirani akaona haya, akaanzisha Baba Yetu. Tukaitikia wote. Sala ni moja, lakini Wakatoliki na Waprotestanti wetu wanaisali kwa maneno tofauti, na hatukufika hata nusu. Kaka akapaza maneno ya parokia, dada akapaza ya kwao, bibi wa watu akapotea, akanyamaza. Wakabaki wao wawili tu, kila mmoja anajaribu kuizamisha sauti ya mwenzake, mate yanawatoka, juu ya shimo la mama yao.

"Nyamazeni," nikasema.

Hawakusikia. Nikasema tena, safari hii kwa sauti iliyowafanya hata wachimbaji wageuke.

"Nyamazeni nyie. Jana mliombwa neno moja tu mkamnyima. Leo hamtampa mengi."

Nikachukua koleo.