Aliyekataa Kuonja

Efrazia alikuwa haonji. Hilo ndilo lililokuwa tatizo, na kwa sababu hiyo watu wa Mwakiro, kijijini kwao huko Muyinga, walimwita mchawi.

Kwa mtu wa mbali huenda likaonekana jambo dogo. Burundi si dogo. Huku ukimpa mtu kinywaji, iwe bia ya mtama, juisi ya ndizi au maji matupu, unaanza wewe. Unapiga funda moja mbele ya macho yake, unapangusa mdomo, ndipo unampa. Ni kumwambia: sikukuwekea kitu. Asiyeonja ana jambo lake. Na Efrazia alikuwa anajaza kikombe, anakisukuma mezani kwa vidole viwili, basi. Wageni waliacha kufika kwake. Alipofiwa na mama yake, Martha, waliokuja kuzika walikuja na maji yao ya kunywa.

Faridi wa Gitega alimpenda mwanamke huyo. Alikuwa fundi wa mabati, anatengeneza masanduku na kuyauza soko la Muyinga, mwanamume wa miaka thelathini na kitu, anachechemea mguu wa kushoto tangu alipoanguka kutoka paa la msikiti akipigilia misumari. Efrazia alikuja kununua sanduku, akaligeuza juu chini.

"Kufuli lako hili hata kuku anafungua," alisema.

Kwa Kiswahili chake tu Faridi alijua kwamba amekulia Tanzania, kambini Ngara, kama wengi waliorudi.

"Labda kuku ya Tanzania, dada," akamjibu. "Ya huku haijasoma."

Efrazia alicheka mpaka akashika meza. Kuanzia hapo Faridi akawa na sababu ya kwenda Muyinga hata akiwa hana sanduku la kuuza.

Siku moja mchana, mvua ya mawe ikipiga bati za Mwakiro kama vile inataka kuingia, alimwuliza waziwazi.

"We unanificha kitu. Sema tu. Kwa nini hauonji?"

Efrazia alifunga dirisha kwanza.

"Bibi yake bibi yangu alikuwa mwonjaji wa mwami," alisema. "Kila bia iliyopelekwa kwa mfalme, yeye alitangulia. Watu walidhani anatafuta sumu. Sumu haikuwa kazi yake. Mfalme akiwa na homa, bibi anaonja, mfalme anakunywa baada yake, na homa inahamia kwa bibi. Jipu linahamia. Jino bovu linahamia. Mfalme alizeeka na ngozi laini. Bibi alikufa bado kijana, hana jino, hana unywele, mgongo umepinda kama mundu."

"Hizo ni hadithi."

"Mapadre walipokuja wakakataza, wakasema ni kazi ya shetani. Walifanya vizuri kukataza. Ila damu haikusikia. Kambini mtoto wa jirani alipooza miguu. Mama yangu akamhurumia, akaonja uji wake. Leo huyo mtoto anaendesha bodaboda Kasulu. Na mama yangu ulimwona mwenyewe, Faridi. Alikuwa anatambaa."

Ni kweli alimwona. Alimwona Martha akijivuta sakafuni kwa viganja, mwaka wake wa mwisho. Faridi aliamini nusu. Nusu nyingine aliiacha nje mvuani.

Gitega habari zilikuwa zimefika kabla yake. Baba yake, mzee Uthmani, alikuwa fundi cherehani aliyeshonea mtaa mzima wa Waswahili kanzu za Idi, mpaka kiharusi kilipoukunja mkono wake wa kulia. Vidole vilijifunga juu ya dole gumba na havikufunguka tena. Mkasi wake ulining'inia ukutani, una kutu.

"Mi siogopi Mkristo," alimwambia mwanawe. "Dini inaruhusu. Mi naogopa kikombe yake. Watu banasema anapatia mtu kinywaji bila kuonja. Bon, aje hapa. Amimine, aonje mbele yetu. Akionja, mi mwenyewe nitapeleka posa. Asipoonja, chagua: ule mwanamke ama hii nyumba."

Shangazi Swabra, dada yake Uthmani, aliyekuwa na mtoto wa jicho upande wa kushoto, aliongeza kutoka jikoni, "Na mi nitakaa karibu na mlango. Akigeuka fisi, mi wa kwanza kutoka."

Faridi alifikiri siku kadhaa, akapata njia. Alimpigia Efrazia simu.

"Njoo Alhamisi. Alhamisi baba na shangazi wanafunga, sunna. Utaonja, wataona kwa macho, na hakuna mtu atakunywa. Kibuyu itawekwa kando, mi nitamwaga. Mtu asipokunywa, hakuna kinachohamia, si ndiyo?"

Upande wa pili ilisikika sauti ya kuku.

"Ndiyo," alisema Efrazia. "Una hakika hawatakunywa?"

"Wallahi. Baba hajaacha Alhamisi tangu mi mtoto."

Mafuta ya magari hayakupatikana wiki hiyo, kwa hiyo Efrazia na mjomba wake Venansi walikuja juu ya lori la mkaa, wamefunikwa turubai. Walishuka mtaani weusi kwa vumbi, kibuyu cha juisi ya ndizi kimefungwa vizuri ndani ya kanga.

Nyumba ya Uthmani ilijengwa na mfanyabiashara mmoja wakati wa Wajerumani. Kuta zake ni nene kama urefu wa mkono, madirisha ni membamba yenye nondo, na ukumbi ni mrefu na wa giza hata saa sita. Popo wanaishi darini. Watu wa mtaa wanasema ukisimama katikati ya ukumbi ule unasikia mtu akipumua, na si wewe. Efrazia alisimama hapohapo katikati, akapiga magoti, akafungua kibuyu.

Alimtazama Faridi. Faridi akaitikia kwa kichwa.

Akaonja. Funda moja. Akapangusa mdomo kwa mgongo wa kiganja, akakisogeza kibuyu mbele ya mzee.

Hakuna kilichotokea. Swabra, karibu na mlango, alishusha pumzi kwa sauti. Faridi alianza kuinuka ili akichukue. Uthmani akamzuia.

"Kaa," alisema mzee. Uso wake ulikuwa umebadilika. Alimwangalia mwanamke aliyepiga magoti, mkaa kwenye nyusi zake, nguo yake nzuri imechafuka. "Huyu ametoka Muyinga juu ya mkaa. Mi nimemwita mchawi, na ameonja bila neno. Sasa nikae hapa na sunna yangu kama mtu hana adabu? Sunna inafunguliwa kwa heshima ya mgeni, hata mtoto wa madrasa anajua. Bismillahi."

Faridi naye alikuwa mtoto wa madrasa. Alijua. Hakulifikiria kabisa.

"Baba, usinywe!"

Lakini mzee alikuwa amekishika kibuyu kwa mkono wa kushoto na koo lake limekwisha kupanda na kushuka.

Popo walinyamaza. Ukumbi ukawa kama umevuta pumzi ukaizuia. Kisha mkono wa kulia wa Uthmani, uliokuwa umelala mapajani kama ndege aliyekufa, ulitikisika. Kidole kidogo kilinyooka. Cha pete kikafuata, cha kati, cha shahada. Mwisho dole gumba likatoka, jeupe na lenye mikunjo, kama kitu kilichozaliwa sasa hivi. Mzee alikiinua kiganja mbele ya uso wake akakitazama pande zote mbili.

"Subhanallah," alisema, kwa sauti ya mtoto.

Faridi hakumtazama baba yake. Alimtazama Efrazia. Mkono wake wa kulia ulikuwa unajifunga juu ya goti, dole gumba ndani kwanza, vidole juu yake kimoja kimoja. Hakulia. Alikuwa anautazama jinsi mtu anavyotazama mlango ukifungwa na upepo.

"Mawe we!" alipiga kelele Swabra kwa Kirundi, kama anayemwita mama yake. Kumbe alikwisha kusogea kutoka mlangoni hadi katikati. Kabla mtu hajamshika alikinyanyua kibuyu kwa mikono miwili, akanywa mpaka juisi ikamtiririka kidevuni. Akapepesa macho. Ukungu ulitoka kwenye jicho lake kama mvuke unavyotoka kwenye kioo.

"Naona," alinong'ona. "Naona misumari ya dari. Kaka, iko na kutu."

Na jicho la kushoto la Efrazia likaanza kupauka, taratibu, kuanzia pembeni kuelekea katikati, kama maziwa yakimwagwa katika maji.

Faridi alimpokonya shangazi yake kibuyu. Ndani bado kulikuwa na juisi, aliisikia ikicheza. Mguu wake ukamwuma vile haukuwahi kumwuma, kama umesikia habari.

"Kunywa na wewe," alisema Efrazia kwa upole. "Nimekwisha kuonja. Kwangu mimi mguu mmoja zaidi ni mateso yaleyale."

Asingekuwa mtu kama asingetamani. Alisimama pale na kibuyu mkononi, na kwa muda aliona paa la msikiti, na yeye akikimbia. Kisha akachechemea mpaka uani akaimwaga juisi yote katika tope, akakipasua kibuyu kwa kisigino.

Aliporudi, Venansi alikuwa amemkumbatia mpwa wake. Alimwambia Faridi neno moja tu: "Ulisema watakuwa wamefunga."

Uthmani alikuwa chini sakafuni, magoti kwa magoti na Efrazia, anamsugua vidole kwa mkono wake mzima, anajaribu kuvifungua.

"Nirudishie, mwanangu. Mi nilikuwa nimezoea. Nipatie yangu."

"Hairudi, baba," alisema Efrazia.

Posa ilipelekwa Mwakiro, na mzee mwenyewe ndiye aliyeibeba. Tangu siku hiyo hakuna aliyemwita Efrazia mchawi. Gharama yake ilikuwa hii. Mkono wa kulia wa mwanamke aliyekuwa analima na kusuka mikeka. Jicho lake la kushoto. Shamba la mama yake, maana jembe halitaki mkono mmoja; sasa Venansi ndiye anayelilima. Swabra alihamia kwa mwanawe mwenye duka Ryansoro, kwa sababu kila alipomwona mke wa Faridi alilazimika kumwona vizuri. Uthmani anashona tena, lakini haingii ukumbini. Na Faridi na Efrazia, ambao wanapendana kuliko mwanzo, hula mezani pamoja, kila mtu na kikombe chake, na kila mtu anajimiminia mwenyewe.