Miezi ya Kumsubiri Kifungo

Daktari wa mifugo alipitisha kifaa chake shingoni mwa mbwa, kikalia pii, akasoma namba, kisha akafungua kitabu cha chanjo. Akakifunga. Akakifungua tena, kama mtu anayetarajia maandishi yabadilike.

"Mzee, kuna kasoro ndogo."

Fundi makochi alikuwa ameishi vya kutosha kujua kwamba kasoro ndogo za madaktari huwa si ndogo. Alimtupia jicho mkewe, naye mkewe akazidi kumkumbatia Kifungo, mbwa wao mweupe pe mwenye doa moja jeusi la duara kifuani. Binti yao pekee alikuwa ameolewa kwenye kisiwa cha mbali, ambako kichaa cha mbwa hakijulikani kabisa na watu wake hawataki kijulikane. Sasa alikuwa mjamzito wa miezi minane, na wazee walikuwa wamekata shauri kuhamia huko, wao na mbwa wao.

"Alichanjwa tarehe tatu," daktari akaeleza. "Chipu ya namba, hii iliyo shingoni, akawekewa tarehe kumi na nne. Kwa watu wa kisiwani, chanjo iliyotangulia chipu ni kama haipo. Watajuaje kwamba aliyechanjwa ni huyu na si mwingine? Tunaanza upya. Leo nachanja, baada ya siku thelathini natoa damu, maabara wapime kama kinga imekolea. Ikikubali, mnahesabu miezi mitatu tangu siku ya damu ndipo asafiri. Na akifika anakaa karantini siku kumi."

"Yaani Kifungo anakwenda kifungoni," fundi akasema.

Daktari alicheka. Mke wa fundi hakucheka, kwani tiketi zao zilikuwa za wiki mbili zijazo.

Jioni ile walikaa kwenye karakana iliyoungana na nyumba yao, katikati ya sponji na springi.

"Tumwachie dada yangu," mkewe akasema.

"Dada yako anaogopa hata kuku."

"Basi tufanyeje?"

"Wewe tangulia. Binti anamhitaji mama yake. Mimi nitakuja na mbwa."

Alilisema upesi mno, hata mwenyewe akashangaa. Katika miaka thelathini na minane ya ndoa hawakuwahi kuachana zaidi ya siku nne.

"Utakula nini?"

"Atakachokula Kifungo."

Mkewe akaondoka. Wiki mbili baadaye mjukuu wa kike akazaliwa, na tangu siku ile wakawa wanaitana babu na bibi kwenye simu, wakicheka kila mara.

Siku thelathini zikatimia. Kadi ya daktari ilining'inia ukutani, juu ya cherehani, na tarehe yake ikapita. Wiki ya kwanza fundi alikuwa na seti ya makochi ya watu waliotaka kuhamia nyumba mpya. Wiki ya pili ilikuwa mvua. Wiki ya tatu hakuwa na sababu yoyote, akakaa tu.

"Damu vipi, babu?" mkewe akauliza.

"Maabara wana foleni, bibi."

Ukweli ni kwamba aliijua mitaa ile kwa makochi yake. Alijua nani humwaga chai, nani kafukuzwa chumbani na analala sebuleni. Watu walimpigia hodi kabla hata hajanawa uso. Kule kisiwani angekuwa nani? Baba mkwe, mkaa kwenye kochi la watu.

Siku moja daktari akaja karakanani na kiti cha chumba chake cha kungojea. Paka wa mteja alikuwa amekichanachana.

"Mzee, mbona humleti Kifungo? Mama amenipigia jana. Anauliza foleni ya maabara itaisha lini."

Shazia, ile sindano yake nene, ikamchoma fundi kidole.

"Ukamjibuje?"

"Nimemwambia nitakuuliza wewe."

Daktari alipoondoka, fundi aliketi na simu mkononi mpaka chai yake ikapoa. Kisha akapiga.

"Hakuna foleni," akasema. "Sijampeleka."

Upande wa pili wa simu alimsikia mtoto akilialia.

"Unaumwa?"

"Siumwi. Naogopa. Huko sitakuwa na kazi wala mtu anayenijua."

"Na mimi je? Mimi huku lugha siijui, dukani naonyesha vitu kwa kidole. Jana nimetafuta chumvi nikarudi na sukari, binti kaitia kwenye mchuzi." Akavuta pumzi. "Kumbe muda wote huu wewe humsubiri mbwa. Mbwa ndiye anakusubiri wewe."

"Una hasira?"

"Tena sana. Ila nimembeba mtoto, siwezi kupaza sauti. Kama hutaki kuja, sema tujue moja. Lakini usimsingizie mnyama wa watu."

Fundi akakitazama kidole chake kilichochomwa.

"Nataka kuja," akasema.

"Haya. Kesho asubuhi mpeleke."

Asubuhi alifika kabla mlango wa daktari haujafunguliwa. Kifungo akanyolewa kipande cha mguu wa mbele, akatolewa damu bila kuguna. Baada ya wiki mbili majibu yakaja: kinga imepita kiwango mara nne. Miezi mitatu ilikuwa imeanza kuhesabiwa.

Fundi aliyaweka mambo yake sawa taratibu. Alinunua kizimba cha safari, kile cha plastiki ngumu ambamo mbwa aweza kusimama na kugeuka, akakitoa mlango na kukiweka kando ya cherehani. Chakula akakiweka mdomoni mwa kizimba, kisha ndani kidogo, kisha ndani kabisa. Wiki nzima Kifungo alikula nusu ndani nusu nje, makalio yakiwa tayari kukimbia. Mwezi wa pili akawa anakoroma humo, juu ya godoro lililoshonwa kwa mabaki ya vitambaa. Na kila kochi lilipokamilika, fundi alimwambia mwenye kochi atafute fundi mwingine. Kwa kochi la kwanza aliomba radhi tena na tena. Kufikia la kumi, alikuwa anawaelekeza mpaka mlangoni kwa huyo mwingine.

Juma la mwisho daktari alimpa Kifungo dawa ya minyoo, akagonga mhuri, wakaisoma namba ya chipu pamoja, tarakimu kwa tarakimu, mara tatu.

Kisiwani, ofisa wa karantini naye akaisoma, akatikisa kichwa kukubali, akampeleka mbwa ndani. Kwa siku kumi babu na bibi walikwenda kila alasiri kukaa naye saa moja kwenye kibanda cha waya.

Siku ya kumi na moja walikwenda na mjukuu. Kifungo akatoka, akanusa unyayo wa mtoto, akapiga chafya, na mtoto akashtuka, akatoa macho.

"Mshike vizuri," mkewe akasema walipofika barabarani. "Hapa magari yanatokea upande usioutegemea."

Fundi akaizungusha kamba mara mbili mkononi, akatazama kulia, akatazama kushoto, wakavuka.