Sauti ya Mferejini

"Mfereji wa jikoni unaongea," Rita alisema, sufuria tupu mkononi. "Ni mwanamume. Tangu Jumatatu."

Mama aliacha kuchambua mchicha. Mimi nilitazama kipara kidogo nyuma ya sikio la dada yangu, pale nywele zilipokataa kurudi baada ya mionzi.

Mimi ndiye niliyemsukuma kwenye mionzi ile. Mwaka mmoja kabla, daktari wa Nairobi aliposema uvimbe wa kichwani uchomwe, Mama alikataa. Kichwa cha mtu si hindi, alisema. Nikamjia juu mbele ya shangazi zangu waliotoka Wusi, nikasema kwa ule ulimi ninaojivunia, hadi akatia sahihi huku analia. Uvimbe ukaisha. Nikatembea Mraru nzima kifua mbele.

Kisha nikasoma kwenye simu habari za panya. Walipigwa mionzi kichwani, seli changa za ubongo zikaacha kuota, wakaanza vituko vinavyofanana na skizofrenia, ule ugonjwa wa akili wa kusikia sauti zisizokuwepo. Watafiti walionya kwamba panya si binadamu. Sentensi hiyo niliiruka. Kwa miezi mitatu nilimchunguza Rita anavyokula, anavyocheka, anavyoshtuka mlango ukigongwa.

Na sasa sauti.

"Huja saa ngapi?" niliuliza.

"Mchana, Mama akienda soko la Voi. Nene, kama ya mzee amemeza debe."

"Inakuamrisha kitu?"

"Inaniamrisha nini? Inajisumbua yenyewe tu. Inarudia maneno, inajitukana, inaanza tena." Akakunja uso, akaigiza: "'Kilima chavaa wingu, maji yamefichwa wapi.' Halafu inasema, 'Pumbavu, kina kimepotea!'"

Nilikaa chini palepale, juu ya mchicha.

"We Danson, mboga!" Mama alifoka.

Nyuma ya nyumba tuna tangi la saruji, kavu tangu mvua zilipotukimbia. Bomba lake huingia moja kwa moja jikoni. Humo ndani, tangu Jumatatu, nilikuwa nikijifungia kutunga mashairi, kwa sababu mwangwi ulinipa sauti ya mtu mzima, na kwa sababu sikutaka mtu yeyote asikie shairi langu likiwa bado bichi. Ubeti ule sikuwa nimemwonyesha binadamu.

Nilitoka mbio, nikapanda ngazi, nikashuka tangini na kupiga magoti kwenye vumbi, mdomo karibu na tundu la bomba.

"Kilima chavaa wingu," nilianza. Sauti ikanikatika. Nikaanza upya, nikafika mwisho.

Nikatega sikio kwenye tundu.

Kisha kicheko cha Mama kikapanda kwenye bomba, kirefu, cha mtu aliyetuliwa mzigo. Nyuma yake ikaja sauti ya Rita, ndogo, safi kabisa.

"Kumbe ni wewe, mjinga. Haya, endelea. Mstari wa pili ndio mbovu."