Mmarekani Ni Yule Anayeondoka

Mume wangu analipwa mshahara wa kuwafundisha watoto wa watu wasimwamini mtu yeyote aliyeshika kalamu. Ndiyo kazi yake, na chuo kizima kinamheshimu kwa hilo. "Usiulize mwandishi amesema nini," huwaambia wanafunzi wa mwaka wa kwanza, "uliza anaficha nini." Nimelisikia hilo mezani, kitandani, garini na mbele ya wageni. Basi asije akashangaa mkewe akimsoma yeye kwa namna hiyohiyo.

Naitwa Corinne. Mume wangu ni Lyle Vossberg, mhakiki wa fasihi ya Marekani, na tunaishi Wisconsin, katika mji ambao chuo kikihamishwa leo, kesho hautaukuta. Tulikutana tukisomea udaktari, na waliotufundisha wangekuambia nani alikuwa mkali zaidi kati yetu, ila wengi wao wameshakufa. Mimi nilipata kazi chuoni huko Las Cruces, New Mexico, yeye akapata hapa. Nikamfuata. Nimefundisha sekondari ya mji huu mpaka nikastaafu, na maboksi yangu ya vitabu yako chini ya nyumba hadi leo. Sitaki kuonewa huruma. Nasema tu ili ujue kwamba nikikwambia najua kusoma, najua.

Kila kitabu cha Lyle, msomaji wake wa kwanza ni mimi. Anachapa sura, ananiletea jikoni, mimi na kalamu yangu nyekundu tunaishughulikia, yeye anazungukazunguka nyuma ya kiti akijifanya anatafuta sukari. Nimewahi kumfutia kurasa nzima. Akanuna, akarudi, akabadilisha. Ukitaka kujua sisi tumeishije, kasome pembeni mwa kurasa zile.

Kitabu hiki cha sasa hakuniletea.

Hoja yake naijua, maana aliieleza redioni mji mzima ukasikia: kwamba taifa hili limejitambulisha kwa mtu anayefunga mlango na kwenda zake. Anakwenda porini, anakwenda baharini, anakwenda magharibi, na vitabu vyetu vikubwa vinampigia makofi. Mmarekani ni yule anayeondoka. Sawa, si hoja mbaya. Lakini sura zenyewe sikuziona. Nikiingia chumbani kwake anafunga kompyuta, polepole, kama mtu anayefunika chungu.

"Bado mbichi," anasema.

"Miaka miwili jikoni, bado mbichi?"

"Nitakuletea, Corinne. Subiri kidogo."

Halafu akaanza wema. Hapo ndipo nilipoanza kuogopa. Aliosha vyombo bila kuambiwa. Akaninunulia viatu vya theluji vyenye manyoya ndani, vya bei, ambavyo sikuviomba.

"Una nini wewe?" nikamuuliza.

"Nina nini? Mtu hawezi kumnunulia mkewe viatu?"

"Wengine wanaweza. Wewe uliwahi kusahau siku yangu ya kuzaliwa huku umeshika keki."

Akacheka, lakini macho yake hayakucheka. Nikaliweka hilo akiba.

Wiki iliyofuata nikakutana na Delphine Arceneaux sokoni, penye vitunguu. Delphine ni mwalimu mwenzake Lyle pale idarani, msichana wa Louisiana, akicheka anacheka na mabega. Akanishika mkono. "Corinne, ile sura ya saba, jamani. Nimelia kama mtoto."

Sura ya saba. Yeye kaisoma, mimi sijaonjeshwa hata ya kwanza.

"Ulilia sehemu gani?" nikamuuliza, kama mtu aliyeisoma mara mbili.

"Pale mwisho. Mlangoni."

"Ah, mlangoni," nikasema. "Ndiyo, pale mlangoni." Nikarudi nyumbani na vitunguu vya kutosha kulisha jeshi.

Jumamosi theluji ilianguka asubuhi nzima. Lyle akatoka na koleo kusafisha njia, begi lake akaliacha juu ya kiti. Sikuhangaika na dhamiri. Nilitoa mswada, nikaenda nao dirishani ili nimwone yeye huku nikimsoma, maana nilitaka niwe na wote wawili mbele ya macho yangu. Alikuwa anazoa theluji akilizunguka gari langu, ambalo siku zote naliegesha likitazama barabara.

Sura ya saba haikuwa juu ya wanaoondoka. Ilikuwa juu ya nyumba wanazoziacha. Aliandika kwamba wahakiki wote, yeye akiwemo, wamemfuata msafiri hadi porini bila kugeuka kumtazama aliyebaki. Aliyebaki anajua mlio wa gari uani. Aliyebaki anafungua kabati kuhakikisha koti bado lipo. Kila jioni anashangaa kwamba sahani ya pili bado ina mwenyewe. Na mwishoni kabisa, aliyebaki anasimama ameshika mlango wazi, baridi inaingia, hajui aufunge au asubiri. Kwa muda wote huo hakutaja mwanamke wala mwanamume. Alisema "aliyebaki" tu, na mimi sikuhitaji kuambiwa. Katika vitabu vyote tulivyosoma pamoja, mwanamume hubeba begi na mwanamke hubaki dirishani. Nami nilikuwa wapi wakati ule? Dirishani.

Nikafanya alivyonifundisha. Sikuuliza amesema nini, niliuliza anaficha nini. Mwanamume anamwandika mke atakayeachwa, anamwandika kwa upole, anamlilia kabla. Anamfichia mkewe, anamwonyesha msichana, na msichana analia. Anaosha vyombo. Ananunua viatu. Ushahidi gani zaidi? Mwanafunzi akiniletea hoja iliyokamilika namna ile ningempa alama zote. Nikaurudisha mswada begini, nikapasha supu. Alipoingia na pua nyekundu akaniuliza mbona nimenyamaza, nikamwambia kichwa kinauma.

Kuachwa sitaachwa. Hilo niliapa palepale mbele ya jiko. Katikati ya wiki nikamwambia nakwenda Duluth kumwona dada yangu Bernadine, na kweli nilikwenda kwa Bernadine. Sikumwambia kwamba mchana wake Bernadine alinipeleka kwa mama mmoja, Bi Lindqvist, mwenye duka la vitambaa na vyumba viwili vya kupangisha ghorofani.

"Umemuuliza lakini?" Bernadine akasema tukiwa kwenye ngazi.

"Nimuulize aniongopee?"

"Watu wengine huuliza, Corinne. Huwa inasaidia. Mimi nimeolewa na fundi bomba, kikivuja tunasema kinavuja."

"Huyu si fundi bomba. Huyu anavuja kwa tanbihi."

"Mmeharibiana akili nyie wawili," akasema dada yangu, lakini alinisaidia kupima madirisha kwa ajili ya mapazia. Bi Lindqvist akanipa ufunguo wenye kishikio chekundu cha plastiki. Nikautia katika mfuko wa koti, na njia nzima ya kurudi nilikuwa nauminya mkononi. Nitasema ukweli, nilijisikia vizuri.

Jumapili ilikuwa chakula cha idara, kila mmoja anakuja na bakuli lake. Mimi nilipeleka tambi za jibini kama kawaida. Delphine nilimbana pembeni, penye birika la kahawa.

"Niambie bila kuzunguka," nikamwambia. "Ana mpango gani?"

"Nani?"

"Usinifanye mtoto. Lyle. Sura ya saba."

Akanitazama, na mabega yake kwa mara ya kwanza hayakucheza. "Corinne, mimi nilidhani umeisoma. Aliniambia anaogopa kukuonyesha. Nikamwambia mwonyeshe, mbona ni..." Akageukia birika. "Zungumzeni wenyewe, tafadhali. Mimi simo."

Simo. Wanaosema hawamo ndio waliomo. Nikachukua bakuli langu, nusu ya tambi bado zimo, nikamwambia Lyle twende. Mkuu wa idara alikuwa anamsimulia kitu, na Lyle akamwacha katikati ya sentensi. Aliponiona usoni alikuwa ameshajua.

Ndani ya gari sikungoja hata tutoke kwenye maegesho.

"Unaondoka lini?"

Aliweka mikono yote miwili juu ya usukani na gari halijawashwa. "Mimi ndiye nilitaka kukuuliza hivyo," akasema.

"Usinigeuzie maneno. Nimeisoma sura ya saba."

"Umeisoma." Akafumba macho. "Basi umejua."

"Nimejua unaniandikia msiba nikiwa hai. Nimejua Delphine kalia kabla yangu. Kama ni yeye, sema ni yeye."

"Delphine?" Akageuka mzima mzima. Nimemwona Lyle akijifanya kushangaa mara nyingi, anainua nyusi. Hizi nyusi hazikuinuka. "Delphine ana mchumba Milwaukee, Corinne. Nilimpa asome kwa sababu wewe nisingeweza kukupa. Ningekupaje? Ile sura ni mimi."

"Ni wewe nini?"

"Aliyebaki. Ni mimi. Nimeishi na wewe miaka yote hii nikisubiri uende."

Nilicheka, kicheko kibaya. Nikamwambia aache uhuni. Akawasha gari, akaanza kuendesha polepole katikati ya kuta za theluji, akazungumza huku akitazama mbele kama mtu anayesoma mhadhara asioupenda. Akasema maboksi yangu kule chini ya nyumba hayajafunguliwa, utepe uleule, na juu yake mwandiko wangu, LAS CRUCES. Akasema sijawahi kuiita nyumba hii yetu, kwa watu nasema "kwa Lyle". Akasema kila siku naegesha gari likitazama barabara.

"Ni theluji, Lyle," nikasema. "Baba yangu alitufundisha. Ukiegesha hivyo, ni rahisi kutoka asubuhi."

"Rahisi kutoka," akasema.

"Miaka yote unasoma namna ninavyoegesha gari?"

"Na wewe unasoma viatu."

"Viatu vilikuwa vya nini basi?" nikamuuliza baadaye, karibu na nyumbani.

"Ulipoanza kununa wakati wa baridi nilidhani safari hii ndiyo yenyewe. Nikasema, kama anakwenda, asiende na miguu ya baridi." Akasema hivyo kwa sauti ya kawaida kabisa, huku akiwasha taa ya kukata kona.

Nilimkasirikia. Nataka hili lieleweke, kwamba kabla ya huruma nilikasirika, maana mimi ndiye niliyeacha kazi, mimi ndiye niliyekuja huku kwenye baridi, halafu yeye ndiye kajitwalia kiti cha aliyeachwa akakiandikia sura nzima. Kilichoniudhi zaidi ni yale maboksi. Gari nilikuwa na jibu lake. "Kwa Lyle" ni mazoea ya mdomo. Maboksi nilitafuta jibu kutoka mtaa wa kanisa mpaka mlangoni kwetu na sikulipata. Sikuwahi kukosa nafasi. Rafu zipo, alizitengeneza yeye mwenyewe ule mwaka wa kwanza, na tunapangia mitungi ya nyanya.

Tulipofika nilishuka kabla gari halijatulia. Bakuli mkono mmoja, mkono mwingine mfukoni, nilitaka tu niingie ndani, niwe jikoni, niwe na kitu cha kupasha. Nikachomeka ufunguo kwenye kitasa. Haukuingia. Nikausukuma kwa nguvu, nikalaani baridi, nikaugeuza upande wa pili.

Lyle alikuwa amesimama nyuma yangu. "Huo si wa hapa," akasema.

Kishikio chekundu kilikuwa kinaning'inia mkononi mwangu. Ningeweza kusema ni wa Bernadine. Ningeweza kusema chochote, mume wangu angenitazama na asingeamini, na kwa mara ya kwanza angekuwa na haki.

"Ni wa Duluth," nikasema. "Vyumba viwili. Nilidhani unaniacha."

Akatikisa kichwa kukubali, taratibu, kama afanyavyo darasani mwanafunzi anapotoa jibu ambalo yeye mwalimu amelijua tangu mwanzo wa muhula. Hakufoka. Laiti angefoka. Akanyoosha mkono juu ya bega langu, akafungua kwa ufunguo wake, akaingia, akageuka, akaushika mlango wazi. Hakuniambia ingia na hakuniambia nenda. Joto lote la nyumba lilikuwa linatoka nje. Nilimwonea huruma, kwa sababu mtu yule nilishamwona, kwenye ukurasa wa mwisho wa sura ya saba, amesimama vilevile, na mimi nijuaye kusoma nilimvisha gauni.

"Lyle," nikasema, "pokea bakuli."

Hakulipokea. Alikuwa anatazama miguu yangu, vile viatu alivyoninunulia, aone vinakwenda upande gani.