Kofia ya Kiraka Chekundu

Mwaka 1947 Chuo cha Mount Hebron kilikuwa na wachezaji ishirini na wawili na kofia kumi na tano. Zilikuwa kofia za ngozi, tulizorithi kutoka chuo cha wazungu walipopata mpya. Yangu ilikuwa na jina la mtu ndani, Hollis, kwa wino uliofifia, na kiraka chekundu juu ya sikio la kushoto. Nasema yangu kwa mazoea tu. Ilikuwa yetu, mimi na Lonzo Pickett, na hilo neno "yetu" lilinikwama kooni msimu mzima.

Mpira wetu sisi watu wa Alabama, Marekani, hauchezwi kwa miguu. Unaukumbatia kifuani, unakimbia nao kuelekea mstari wa mwisho, ukiuvuka ni pointi sita, na watu kumi na mmoja wanakuja kukuangusha. Bila kofia mwamuzi hakuruhusu uingie. Kwa hiyo Kocha Whitlow, aliyetufundisha hesabu asubuhi na mpira jioni, aliwapanga wale wa kuchangia kofia wawiliwawili, akatoa sheria moja.

"Mwenye kofia ndiye anayecheza. Ukichoka, toka umpe mwenzako. Mimi sitampigia mtu kelele. Nyinyi si watoto."

Mimi sikuwa mtoto kweli. Nilikuwa na miaka ishirini na saba, nimetoka vitani Ufaransa kuendesha malori ya jeshi. Lonzo alikuwa na kumi na minane, ana mbio za sungura na kichwa kidogo, hata akivaa kofia yetu ilimbidi aijaze soksi mbili isimzibe macho.

"Babu," aliniuliza siku ya mechi ya kwanza, "leo utachoka saa ngapi?"

"Nitachoka ukishaota ndevu."

"Basi niazime zako, mbona zimeshaanza mvi!"

Wenzetu wakacheka. Mimi nikaapa moyoni kwamba siku hiyo hatoionja kofia. Robo ya nne, ya mwisho ya mchezo, miguu ilikuwa mizito kama magogo yaliyolowa. Lonzo alisimama ukingoni, soksi mkononi, akinitazama. Nikajitia hamnazo. Hatua mbili kabla ya mstari mpira ukanichoropoka, na tukafungwa kumi na tatu kwa saba.

Baada ya hapo nilianza kutoa kofia, ila kwa kubania, dakika tano hapa, dakika sita pale. Tukashinda mechi nne, tukapoteza mbili. Kila Lonzo alipoingia watu walisimama kumtazama, nami nilimwonea wivu. Sina haja ya kulipamba hilo.

Lakini kilichoniuma zaidi ni baba. Ezra Tolliver alikuwa mkata miti kwa miaka thelathini, kwa ule msumeno mrefu wa watu wawili, mmoja huku na mwingine kule. Niliporudi kutoka vitani alitegemea nitashika mpini wa pili. Nikaenda chuo.

"Kusoma naelewa," aliniambia. "Lakini mpira, Roscoe? Mwanamume mzima na masharubu yako? Mchezo si kazi."

Kazi kwake ilikuwa na kipimo kimoja. Mtu aliyemdharau kuliko wote alikuwa Amos Reed, ambaye akichoka hakusema, bali alining'inia tu kwenye mpini, mwenzake akavuta msumeno na Amos juu yake. "Aliyechoka aachie," baba alikuwa akisema mezani, karibu kila Jumapili. "Kufa na tai shingoni ni kuwaua wenzako."

Mwezi wa Novemba ikaja barua ya mama. Baba atakuja Alhamisi ya Siku ya Shukrani, sikukuu ya taifa, mechi ya mwisho, sisi na chuo cha Sardis. Hakuwahi kuniona nikicheza hata siku moja. Nikajibu siku ileile: mwambie anitafute kwa kofia yenye kiraka chekundu. Nilitaka anione kwa macho yake, aache kuwaambia watu kwamba mwanawe anapoteza umri. Kisha nikamwendea Lonzo.

"Alhamisi usinisogelee. Mzee wangu anakuja."

Nilingoja utani.

"Wako anakuja," alisema. "Wangu hata sijui anaishi mji gani. Poa, babu. Vaa."

Maneno yale yalinichoma, ila hayakunibadilisha.

Alhamisi treni ilichelewa. Nilicheza robo tatu nikiangalia lango la kuingilia uwanjani kuliko mpira, na Sardis walikuwa mbele, kumi na mbili kwa saba. Robo ya nne ikiwa inayoyoma nikamwona baba anaingia, na suti yake nyeusi ya mazishini, kisanduku cha viatu kwapani. Akapanda hadi safu ya juu kabisa, akaketi, akaweka mkono juu ya macho akitafuta.

Nikaomba mpira. Nilibeba mara ya kwanza, nikapata hatua sita. Mara ya pili jitu la Sardis liliniangukia na goti likalia kama kijiti kikavu. Niliinuka kwa mikono. Zilibaki hatua nne kufika mstari na nafasi moja tu ya kujaribu.

Nikatazama ukingoni. Lonzo alikuwa amesimama, soksi zikichungulia mfukoni, na amenipa mgongo. Yule kijana mwenye mdomo mrefu kuliko wote chuoni alikuwa amegeukia ukuta wa uwanja nisione jinsi anavyoitamani kofia. Hapo ndipo nilipomkumbuka Amos Reed, na nikajiona mimi ndiye ninayening'inia.

Nikatoka nikichechemea.

"Dogo. Shika."

"Na mzee wako?"

"Shika kabla sijabadili mawazo!"

Akashindilia soksi, akavaa, akakimbilia ndani. Walipompa mpira alizunguka kulia, wawili wakamkosa, wa tatu akamdaka kifundo cha mguu, naye akajirusha mzimamzima akaangukia ng'ambo ya mstari. Kumi na tatu kwa kumi na mbili!

Uwanja ulilipuka. Na juu ya kelele zote nikasikia sauti ambayo maisha yangu yote haikupazwa ila mti unapoanguka.

"Mwanangu yule! Kiraka chekundu! Roscoe wangu yule!"

Nilikaa kwenye benchi, kichwa wazi. Nikajiambia, nyamaza, Roscoe. Ameona alichokuja kuona.

Kipenga cha mwisho kilipolia baba alishuka akiwapangua watu, akamkumbatia Lonzo kwa nyuma, akamwinua juu. "Nimekuona, mwanangu! Nimekuona!" Lonzo hakujitikisa. Alitulia mikononi mwake kitambo, na sikumlaumu. Kisha akavua kofia polepole, soksi zikadondoka.

"Samahani, mzee. Mimi si wako. Wako yule pale."

Baba alimtazama, akaitazama kofia, akanitazama mimi na goti langu.

"Kofia yako kavaa yeye."

"Nimempa, baba."

"Kocha kakwambia umpe?"

"Hapana."

"Na mimi, hukujua nimefika?"

"Nilikuona ukiingia. Nilikuona ukikaa."

Baba akainama, akaokota soksi zile, akazikung'uta nyasi, akamrudishia Lonzo moja baada ya nyingine. Nilidhani ananikasirikia.

"Umechoka, ukaachia mpini," alisema. "Basi hii ni kazi. Mimi nilikuwa sijui."

Nililia mbele ya wachezaji wote, na masharubu yangu.

"Na wewe kaa hapa," baba alimwambia Lonzo. "Nimeshakukumbatia mbele ya halaiki, siwezi kukuacha na njaa."

Tukaketi watatu kwenye benchi na kisanduku cha viatu. Mama alikuwa ametia mkate wa mahindi na kuku wa kukaanga, ila baba alishaanza kula ndani ya treni, na paja lilibaki moja tu. Alimpa Lonzo. Mimi nikachukua kipapatio, na kilikuwa kitamu.