Nyumba Iliyoota Shambani kwa Kavindu

Jumamosi ya kwanza ya Agosti, mwaka 2003, Kavindu alikuwa akianika shuka nyuma ya nyumba yake mpya huko Mutuini alipoona kona ya ukuta imesimama katikati ya sukuma wiki. Ilikuwa ya mawe sita ya kuchonga, matatu yakielekea huku na matatu kule, na saruji katikati yake ilikuwa bado mbichi. Alimaliza kuanika, akapangusa mikono kwa aproni, akaenda kuyagusa. Yalikuwa baridi. Akachuma mboga ya mchana palepale kando yake na kurudi jikoni.

"Baba Nthenya," alimwambia mumewe, "kuna mtu anajenga kwa shamba letu."

Nzuki, ambaye aliuza vipuri vya magari Kirinyaga Road na hakuwa mtu wa maneno mengi, alichungulia dirishani.

"Anajenga vizuri," alisema. "Ametumia timazi."

Kavindu hakuwa mtu wa kubabaika. Alikuwa mkuu wa masijala katika wizara moja mjini, na hakuna faili iliyowahi kupotea mikononi mwake. Makatibu walimwogopa kidogo, na mawaziri walikuja na kwenda wakamwacha pale pale na kikombe chake cha chai. Kulikuwa na jambo moja tu maishani mwake lililokuwa limemshinda, nalo ni mlango. Miaka waliyopanga nyumba mtaa wa Jamhuri, mama aliyewapangisha alituma fundi siku moja, kodi ikiwa imechelewa, akang'oa mlango wa mbele na kuondoka nao begani. Kavindu alilala siku tatu nyuma ya leso aliyoitundika kwa misumari, huku majirani wakipita na kumsalimia kwa adabu ya kupita kiasi. Hapo ndipo alipoapa kwamba siku atakayostaafu, akifika miaka hamsini na mitano, atakuwa analala nyuma ya mlango ambao hakuna binadamu anayeweza kuung'oa. Wakati huo alikuwa na arubaini na mmoja.

Kwa hiyo benki zilipoanza kuwabembeleza watumishi wa serikali wachukue mikopo ya nyumba, Kavindu alivaa suti yake ya kijani na kwenda. Alihudumiwa na Debra, msichana mcheshi aliyevaa miwani na kujua kuuliza habari za watoto. Na hapo, tuseme ukweli, Kavindu alifanya kosa ambalo watumishi wa serikali wote hulifanya. Mtumishi wa serikali husoma payslip kuanzia chini. Hajali kilichoandikwa juu, wala makato ya katikati. Macho yake huruka moja kwa moja hadi kwenye mstari wa mwisho kuona kilichobaki, na kama kilichobaki kinatosha nauli, unga na karo, maisha yanaendelea.

"Wakikata, nitabaki na ngapi?" Kavindu aliuliza.

Debra akamwambia. Ilikuwa inatosha. Kavindu akatia saini, wakapeana mkono, na mtu angemuuliza siku hiyo atakuwa amelipa kiasi gani miaka yote hiyo ikiisha, angemwona mchokozi.

Mwisho wa Agosti mshahara ulipoingia, mawe sita mengine yaliongezeka usiku huo. Wahome, jirani aliyefuga ng'ombe wa maziwa upande wa chini, aliamka alfajiri kukama na akayaona yakiwa yameshapangwa. Aliona pia kwamba ua wa michongoma uliokuwa ukipita nyuma ya shamba la Kavindu ulikuwa umesogea hatua moja kuja juu, ukaiacha ile kona nje. Alimjulisha Kavindu wakati wa kumletea maziwa.

"Mama Nthenya, ile fence yako imesonga."

"Nimeona."

"Basi ni sawa. Nilidhani ni ng'ombe zangu zitalaumiwa."

Asubuhi hiyo hiyo Kavindu, akiegemea ukuta wa jikoni kufunga viatu, alihisi joto begani. Jiwe moja, karibu na fremu ya mlango wa nyuma, lilikuwa na joto kama sufuria iliyotoka kuepuliwa na kuachwa ipoe. Yale ya juu na ya kando yake yalikuwa baridi. Akapapasa nyumba nzima, ndani na nje, akapata jingine moja chini yake. Mawili tu. Miezi miwili, mawe mawili. Na kule nyuma ya michongoma, kumi na mawili.

Kavindu alikuwa amepanga faili za serikali kwa miaka ishirini. Hakuhitaji mtu wa kumfafanulia. Mchana, saa ya chakula, alivuka barabara hadi benki, akaketi mbele ya Debra.

"Kuna nyumba inaota kwa shamba yangu," alisema.

"Ooh, imeanza?" Debra alifurahi. "Hiyo ni yetu, madam. Hiyo ndio interest, riba ya mkopo. Zile zenye joto ndio zako."

"Na kwa nini zangu ni moja na zenu ni sita?"

"Huku mwanzo huwa hivyo. Kukaribia mwisho inageuka, yako inakuwa mingi na yetu inakuwa kidogo. Wengi hawafiki huko, wanauza."

"Nikifika, nitakuwa nimejenga nyumba ngapi?"

Debra alibofyabofya kikokotoo chake bila haraka. "Yako moja," alisema, "na yetu moja na kipande."

"Na mimi nitabaki na ngapi?"

"Si moja, madam? Ndio uliomba."

Kavindu alirudi ofisini akiwa amekasirika. Hakumkasirikia Debra, aliyekuwa amejibu kila alichoulizwa. Alijikasirikia mwenyewe, kwa sababu alikuwa na mdomo siku ile na hakuutumia. Hasira hiyo ilimkaa kifuani wiki nzima, ikamharibia hamu ya kula. Jumatatu iliyofuata akaimeza, akaamka, na kuanza kupiga hesabu za mtu anayetaka kushinda.

Nyumba ya nyuma iliendelea kupanda. Ilikuwa nyumba nzuri, na Kavindu hakuona sababu ya kusema vinginevyo. Ilipofika usawa wa madirisha alienda kuangalia kama wameweka lenta, akakuta wameweka. Kila mwezi michongoma ilipiga hatua moja, na shamba la mboga likapungua hadi likabaki matuta manne, kisha mawili, kisha nyanya za kwenye makopo. Julai, Mutuini inapokuwa na ukungu wa kuumiza mifupa, familia ilikaa jikoni ikiegemeza migongo kwenye sehemu yenye joto. Mwanzoni alitosha mmoja. Mwaka wa pili walitosha Kavindu na binti yao Nthenya, aliyekuwa akija likizo kutoka shule ya bweni na kufanyia kazi zake hapo. Nzuki alingoja zamu yake kwa subira, amevaa koti.

Mwaka 2006 zamu ya Kavindu ya kupokea mchango wa wote kwenye chama ilifika. Wanawake wenzake walitarajia anunue makochi. Yeye alibeba fedha yote hadi benki na kumwambia Debra aiweke kwenye deni lenyewe, si kwenye riba.

"Ukilipa mapema kuna adhabu kidogo," Debra alisema kwa upole.

"Adhabu ya nini?"

"Ya kulipa mapema."

Kavindu aliwaza juu ya neno hilo kwa muda. Watu aliowajua waliadhibiwa kwa kuchelewa. Lakini alikuwa amekwisha kupiga hesabu nyumbani, akalipa. Jioni hiyo ukuta mzima wa jikoni ulipata joto kwa mpigo, kutoka sakafuni hadi kwenye dari, na Nzuki akavua koti. Upande wa pili wa michongoma, nyumba ya benki ilikuwa imeota veranda yenye nguzo mbili.

"Wachukue veranda," Kavindu alisema akiwa dirishani. "Mimi nimechukua ukuta."

Tangu siku hiyo akawa hivyo. Kila alichopata pembeni, marupurupu ya safari, fedha za kuku, alikimbiza benki. Sebule ikaanza kupata joto. Nyumba ya nyuma nayo ikapata mabati ya rangi ya matofali, kisha mtaro wa maji ya mvua, lakini mawe yake mapya yalikuwa yakipungua mwezi hadi mwezi, matano, kisha manne, na Kavindu alitembea mjini kichwa juu kama mtu aliyemshika mwizi wake kwa ukosi.

Mwaka 2009 serikali iliongeza umri wa kustaafu kutoka hamsini na mitano hadi sitini. Masijala nzima ilipiga vigelegele. Mtu alitoka kununua soda, na mwanamume mmoja aliyekuwa amekwisha kuagwa alirudishiwa kiti chake. Kabla chupa hazijamalizwa, simu ya Kavindu ikalia.

"Madam, pongezi!" Ilikuwa Debra. "Sasa tumeweza kurefusha mkopo wako mpaka sitini. Makato yatashuka. Utabaki na payslip nzuri sana."

"Sitaki ishuke," Kavindu alisema. "Niache kwa hamsini na tano."

"Imeshashuka, madam. System inafanya yenyewe ikiona umri umebadilika."

"Basi irudisheni."

"Tunaweza. Kuirudisha kuna ada."

Wenzake walimtazama wakishangaa anakataa kitu cha bure. Mwololo wa meza ya pili, aliyekuwa na mkopo wa aina hiyo hiyo, alikuwa amekwisha kushangilia kushuka kwa makato yake. Kavindu alimweleza kwa sauti ya chini kwamba kila mwezi anaobakiwa na zaidi ni mwezi anaoongezewa mbele, na kwamba mbele huko kuna nyumba nyingine inachimbiwa msingi. Mwololo alimsikiliza kwa heshima.

"Lakini madam," alisema, "mwisho wa mwezi huu nitabaki na ngapi?"

Alipofika nyumbani jioni, Kavindu aliona mtaro wa msingi umechimbwa kando ya nyumba ya nyuma, umenyooka kama umepigwa rula. Kesho yake alilipa ada. Mtaro ukajifukia, na nyumba ya benki ikapata lango la chuma jeusi lenye mishale ya dhahabu juu. Kavindu alilitazama akaona ni zito na limechomelewa vizuri, na kwamba limemgharimu kidogo kuliko msingi. Usiku huo alilala usingizi mzuri. Alikuwa bado anaelekea hamsini na mitano, na mlango wake wa mbele ulikuwa umeanza kupata joto upande wa bawaba.

Oktoba benki iliuza ile nyumba ya nyuma. Waliinunua Kiarie na mkewe Kui, vijana waliokuwa wamefunga ndoa mwaka huo, yeye mwalimu na mkewe muuguzi, wote wa serikali. Kavindu aliwaendea siku waliyokuja kupima mapazia, akawakuta wakicheka ndani ya vyumba vitupu.

"Karibuni sana," aliwaambia. "Mmechukua mkopo?"

"Ndiyo auntie," Kui alijibu. "Wa miaka ishirini na tano."

"Mliuliza mtalipa ngapi mpaka mwisho?"

Kui alimtazama kwa uso mwema, jinsi mtu anavyomtazama mgonjwa anayeuliza kama ni Jumanne.

"Auntie, tuliangalia payslip. Tunabaki vizuri."

Kavindu aliwaeleza hata hivyo. Aliwaeleza wakiwa wamesimama kwenye veranda, pole pole, kuanzia jiwe la kwanza, na akawaonyesha kwa kidole yalipokuwa matuta yake ya sukuma wiki. Kiarie aliitikia kwa kichwa na kusema kweli kabisa, mama. Kui alimshukuru na kumwalika kwenye sherehe ya kuombea nyumba, Jumapili ya mwisho wa mwezi.

Alienda. Alibeba seti ya glasi sita na blanketi, maana huwezi kwenda nyumba mpya mikono mitupu, na Nzuki alivaa tai. Nyumba ilijaa. Jamaa wa Kiarie walitoka Kinoo na sufuria za mukimo na kuku, Wahome alileta maziwa ya chai, na benki ilimtuma Debra na keki kubwa iliyochorwa funguo mbili kwa sukari. Debra alimkumbatia Kavindu na kumuuliza habari za Nthenya. Mchungaji Haron, aliyeombea karibu kila nyumba ya upande huo, aliimbisha wimbo mmoja, akafungua Biblia, akaifunga, akapandisha mikono ya koti.

"Mwenye nyumba asimame tumwombee," alisema.

Kiarie na Kui walisimama, wameshikana mikono. Kavindu naye alisimama. Hakuwa amekusudia, miguu ilifanya yenyewe, na alipoona ameshasimama, sahani ya mukimo mkononi, hakuona sababu ya kuketi. Mawe yale aliyajua moja moja. Hakuna aliyecheka. Nzuki alimpokea sahani.

Penye mlango wa jikoni Debra aliweka kisu cha keki chini, akafuta vidole kwa karatasi na kunyoosha sketi yake.

Mchungaji Haron aliwatazama wote kwa zamu. Alipita mbele ya Kiarie na Kui, akampita Kavindu akimgusa bega kidogo kwa heshima, akaenda hadi mlango wa jikoni. Akawaambia watu wafumbe macho, na akainua mikono yake miwili kuiweka juu ya kichwa cha Debra. Debra alikuwa ameshakiinamisha.