Leo Sumna Hayupo

...amelala tu, na serikali inajua amelala, na mshahara unaendelea, kaniambia Sumna mwenyewe, kaniambia mwanangu, na bado naona kama wananitania mimi mzee, lete mguu huu mama, nyoosha, mafuta ya haradali yamepoa kidogo lakini jua limeshafika uani, mjukuu wangu wa kike nimemlaza juu ya miguu yangu namkanda, hana hata jina bado, wa juzi tu, na mama yake, huyo Sumna, mke wa mwanangu, yuko humo ndani chini ya blanketi zito, usoni hana damu, mkunga kasema huyu akinyanyua hata ndoo mtampoteza... na kule chini barabarani, pale mlima ulipomwagika, wenzake wanashusha makarai na sururu, namsikia msimamizi Tulsu anakohoa kabla ya kuita majina, na mimi moyo unaanza kukimbia, maana jina likiitwa usipoitika, basi, kesho kasimama mwingine hapo, ndivyo ilivyokuwa kwetu vibarua, baba yake mtoto huyu nilimzaa hapo hapo kwenye kona, nyuma ya mapipa ya lami, wanawake wakanizungushia shali, na kitovu hakijakauka nimesharudi kuponda kokoto, maziwa yanalowesha blauzi, mtoto yuko juu ya rundo la mchanga analia na mimi nyundo siachi... Kaulan, anaita Tulsu, "nipo," Kaulan huyo, sauti kama ya jogoo mgonjwa, tumeponda mawe pamoja mimi na mama yake, na kila mwaka theluji ikikaribia walikuwa wanatufukuza kidogo, halafu wanatuita upya, ili tusije tukahesabika kuwa watu wa kazi ile, kwa hiyo kila mwaka mimi mgeni, nimezeeka kwenye barabara moja nikiwa mgeni, mpaka hawa kina Sumna walipoteremka mjini Shimla mahakamani, tukawacheka, tukasema nendeni mkale nauli, na wakarudi wameshinda, wameajiriwa moja kwa moja... "Sumna," kaita, kamwita, na mdomo wangu huo hapo, sijauruhusu, "Nipo!" nimepaza kutoka uani, mtoto kashtuka, mikono juu, samahani mama, samahani, ni mazoea, zamani mtu akiugua unamwitikia, unaponda zako na zake, jioni mkono hauinuki lakini nafasi yake ipo... na huko chini kicheko, wanacheka mpaka sururu zinagonga mawe, "Amma," ndivyo wanavyomwita mama huku kwetu, ni Kaulan huyo, "tangu lini umekuwa Sumna, hebu shuka tukuone kiuno," mshenzi yule, namwambia kiuno changu kimejenga hiyo barabara unayoikanyaga, wanazidi kucheka, lakini Tulsu hacheki, kaja mpaka kwenye ukingo wa mawe, anainua uso, "Amma, usimwitikie, tafadhali, ukimwitikia naandika amekuja, na akiwa amekuja likizo yake ya uzazi inaingia dosari, watauliza huyu mzazi gani yuko kazini," nikamwambia nishuke basi mimi na nyundo, nipo tayari, nikae mahali pake mpaka apone, "La, usishuke, mahali pake hapakaliwi na mtu," akasema Tulsu, "hata asipokuwepo ni pake, na leo anatakiwa asiwepo," anatakiwa asiwepo... nimeshika kisigino cha mtoto, mafuta yanatiririka, nasikia maneno hayo kama mtu anayeambiwa mto umepanda mlima, mtu anatakiwa asiwepo, wengine wamekaa ofisini huko wakafikiri mwanamke akizaa atachoka, wakakubali kabisa kwamba atachoka, mimi nilidhani uchovu ule ni ngozi yangu, nimezaliwa nao, kumbe ulikuwa mzigo, na mzigo unatuliwa... nainua kidogo shingo, nawaona, wamejipanga kupitishana mawe mkono kwa mkono, Kaulan huku, yule kijana aliyetoka mji wa Karsog kule, na kati yao pengo, upana wa Sumna, wananyoosha mikono kulivuka, wanapata tabu kweli, jiwe linakaribia kuanguka, na hakuna anayesogea kuliziba, Mungu wangu, hewa tupu ile ina ajira, ina mshahara, ikizeeka itapewa na pensheni... mama wewe unanitazama nini kwa macho hayo meusi, geuka nikupake mgongo, na humo ndani blanketi linasogea, sauti nyembamba, "Amma, nimesikia jina langu, wameniita?" naye anatafuta viatu, nasikia mkono wake unapapasa sakafuni, kama mimi tu, ndiyo, wamekuita, namwambia, na hukuwepo, lala.